Miguu ya Koleta

Mimi ni mtu wa hasira, niliseme hilo mwanzo ili tusije tukalaumiana. Asiyejua amuulize mwenye baa mmoja wa Igunga aliyeniita nimchoree mwanamke mlangoni. Alitaka mwanamke mwenye nyonga, ameinama, amebeba chupa kwenye sinia. Nikamchorea mwanamke mwenye nyonga, sawa, ila amekaa, amenyoosha miguu, na chupa anainywa yeye mwenyewe. Niliondoka Igunga siku hiyo hiyo juu ya lori la pamba, na ngazi yangu nikaiacha huko.

Nimechora kuta miaka kumi na minne. Saluni, zahanati, maduka ya vipodozi, hata kanisa. Kila wakikuletea mchoro, mwanamke ni yule yule. Kama hajapauka kwa mafuta ya kujichubua, basi amechuchumaa anamnywesha mtoto uji. Sijawahi kuletewa mwanamke anayekwenda mahali. Ikafika siku nikasema basi, jamani, mimi Gaudensia nikichora mwanamke atakuwa na shughuli yake na macho yake yatakuangalia. Wateja wakapungua. Wapo wanaosema ni kwa sababu sina mume, na mimi nawaacha waseme, mdomo ni wao.

Mwaka huu baba mdogo Masolwa alimaliza kujenga ukumbi wake pale Kanyenye. Huyu ni mdogo wake marehemu baba yangu, mtu wa malori, na tangu baba afariki miaka minane iliyopita ndiye mkubwa wa ukoo. Akasema wageni wanakuja Tabora kutafuta habari za misafara ya zamani, ile ya kwenda pwani na kwenda Ujiji, basi ukuta wote wa nje apate msafara uliochorwa. Akaniita mimi kwa kuwa ni mtoto wa kaka yake. Mgeni rasmi angefungua ukumbi Jumamosi.

Mchoro alikuwa nao kwenye karatasi. Wapagazi thelathini na pembe za ndovu mabegani, mbele yao kiongozi wa msafara na manyoya kichwani. Kiongozi huyo awe na sura yake yeye Masolwa, na picha ya pasipoti akanipa. Pembeni kulikuwa na mwanamke mmoja, amepiga magoti, anampa kiongozi maji kwenye kibuyu. Nikamuuliza kwa nini mmoja. Akasema mmoja anatosha, ni wa kupendezesha tu.

Nilimwambia kwamba wanawake wa kwetu walibeba. Bibi Sayi, mama yake mama, alinisimulia habari za bibi yake aliyekwenda pwani na kurudi na vyungu na mikeka kichwani, akajifungua njiani, na siku ya tatu akaendelea na safari. Baba mdogo akacheka, akasema nichore, historia nimwachie yeye.

Nikachora. Wiki tatu nilifanya kazi nyuma ya turubai, kwa sababu sipendi mtu anipangie kabla sijamaliza. Wapagazi niliwaweka wote, na sura yake nikampa, tena mashavu nikampunguzia. Ila pale kwenye mwanamke wa magoti nilimweka mwanamke aliyesimama. Ana mzigo kichwani, mguu mmoja mbele, amekutana uso kwa uso na kiongozi na anamtazama. Nyuma yake wanafuata wengine watano.

Nilihitaji sura ya mtu anayejua kubeba bila kujionyesha kwamba anabeba. Kichwani mwangu sura ya namna hiyo ipo moja tu, ya mama yangu, Koleta. Nikaichora bila kumwomba ruhusa. Hilo lilikuwa kosa langu, na nalisema mwenyewe kabla hamjalisema.

Maana baina ya mama na baba mdogo kuna jambo. Baba alipofariki ukoo ulikaa kikao, baba mdogo akataka kumrithi mama. Mama akapiga magoti mbele ya wazee wote, akakataa, kwa upole, na macho yakiwa chini. Kikao kikaishia hapo. Lakini shamba la Nzega analolima mama ni la ukoo, na nyumba anayolala ipo humo humo shambani, na ukoo ni baba mdogo.

Jumatano nilishusha turubai.

Alianza mwisho wa ukuta, akatembea taratibu huku anafurahi. Akajiona kwenye manyoya, akasimama, akatikisa kichwa kwa kuridhika. Kisha akamwona aliye mbele yake. Akamwangalia muda mrefu mno.

Akasema, "Huyu ni shemeji."

Sikukataa. Ile alama ya kuungua aliyonayo mama kidevuni nilikuwa nimeichora mwenyewe.

Hakupiga kelele, na ingekuwa afadhali angepiga. Aliongea kwa sauti ya mtu anayeagiza chai. Akasema mwanamke wa Kinyamwezi hasimami hivyo mbele ya wanaume, mila yetu ni goti, na wageni wakiona hivi watasema sisi hatukufundwa. Akasema nina mpaka Ijumaa jioni. Mwanamke huyu awe amepiga magoti na kibuyu mkononi, sura ile ile nisiibadilishe. Hapo ndipo nilipoelewa kwamba goti lenyewe alilitaka kwa mama, muda wote.

Nikamwambia sitachora. Nikamwambia mengi, kuhusu historia, kuhusu haki, na mengine ambayo mtoto hamwambii baba yake mdogo. Akasubiri nimalize.

"Mama yako analima kwa nani?" akaniuliza.

Nikataja sheria, nikasema mjane hafukuzwi. Akasema niende kwenye hiyo sheria, yeye mvua ya kwanza ikinyesha anaingiza trekta shambani. Akaondoka. Na mimi nikabaki nimeshika brashi kama mjinga, kwa sababu najua sheria ipo, ila kesi ya ardhi ni ndefu kuliko reli ya Kigoma, na mvua zilikuwa zimebakiza wiki mbili.

Mama hana simu. Anapigiwa kwa Jenifa, jirani yake wa Nzega. Nilimweleza mama yote, na kwamba sura ni yake. Akaniambia nimpigishe magoti huyo mwanamke wa ukutani, mambo yaishe. Nikasema mama, huyo ni wewe. Akasema anajua.

"Goti halivunjiki, mwanangu," akasema. "Mimi nimepiga miaka hamsini."

Hasira zikanipanda. Nilimfokea mama yangu mzazi kwenye simu ya watu, nikamwambia kwamba kwa sababu ya magoti yao sisi watoto tumekuta dunia imekaa hivi. Nikakata. Kisha nikaona aibu, nikalia, nikaupiga picha ukuta na kuituma kwa Jenifa amwonyeshe, angalau ajue anachosema nikifute. Jenifa akanijibu baadaye kwamba mama ameitazama. Amemwambia aikuze, akaikuza, akataka kuona mpaka miguuni. Halafu amerudisha simu na kuingia ndani.

Alhamisi sikugusa brashi. Nilikaa kwa Swaumu, mama ntilie wa ng'ambo ya barabara, mkabala na ukumbi, nikanywa chai iliyopoa. Swaumu ni rafiki yangu na hana maneno ya kupaka mafuta. Aliniambia ningekuwa mimi ndiye ninayefukuzwa shambani, angenipigia makofi nikatae. Lakini anayefukuzwa ni mzee wa watu wa miaka sitini na nne, na mimi ninaringa kwa shingo yake.

"Ukuta hauliwi, Gaude," akasema. "Shamba linaliwa."

Nilirudi chumbani kwangu Cheyo, nikaamua. Nitampigisha magoti. Nilijichukia nikiamua hivyo.

Ijumaa saa tatu asubuhi nilipanda ngazi na ndoo ya rangi nyeupe. Ukitaka kubadilisha miguu ya mtu huanzi na miguu mipya, unaifuta kwanza ile ya zamani. Nikafuta kuanzia magotini mpaka vidoleni, mipigo minane hivi ya brashi. Mama akabaki ananing'inia ukutani, mzigo kichwani, chini hana kitu.

Wakati huo huo baba mdogo akaja na wazee wanne wa ukoo na viti vya plastiki. Wakapanga viti kuuelekea ukuta, wakakaa. Nilidhani amekuja kunilinda nisimgeuke. Kumbe kulikuwa na zaidi. Akawaeleza wazee, kwa sauti ya kunifikia juu ya ngazi, kwamba amemtumia shemeji ujumbe apande basi la asubuhi. Aje aombe radhi kwa goti, hapa hapa, kwa ajili ya ukuta huu na kwa ajili ya yale ya zamani. Akisha kuomba, shamba ataendelea nalo.

Kumbe kufuta kwangu kote kulikuwa si kitu, kwake goti la rangi lilikuwa halitoshi. Nikatamani kumwagia ndoo ile kichwani, naapa, na mkono ulishaanza kuinuka. Kilichonizuia ni shamba.

Saa tano kasoro mama akatokea kwenye kona ya barabara.

Alikuja kwa miguu kutoka stendi. Alivaa gauni lake la Jumapili na kanga juu, na kichwani, juu ya ngata, alikuwa na gunia limefungwa kwa kamba ya katani. Gunia kubwa. Nikajua ni karanga, maana mama haendi kwa mtu mikono mitupu, na roho ikaniuma kwamba amemletea yule mtu zawadi. Swaumu aliacha chapati zake jikoni akasogea mpaka ukingo wa barabara.

Mama akafika mbele ya viti. Hatua tatu kutoka alipokaa baba mdogo akasimama.

"Mwangaluka, shemeji," akasalimia.

Baba mdogo hakuitikia. Alikuwa anasubiri goti. Wazee nao walikuwa wanasubiri. Mimi juu ya ngazi nilifumba macho, kwa sababu nimemwona mama akipiga goti maisha yangu yote na sikuwahi kuumia, ila siku hiyo nilijua nitakufa.

Nikafumbua. Alikuwa bado amesimama.

Hapo ndipo akili ikanirudia. Kwetu Nzega mwanamke akimkuta mkubwa hupiga goti, hilo halina ubishi. Lakini mwenye mzigo kichwani hapigi. Akipiga atavunja shingo. Husalimia akiwa amesimama, na anayesalimiwa, awe nani, huinuka akamtua kwanza, goti linafuata baadaye. Nililijua hilo tangu sijaota meno ya pili. Jumatano nilibishana na baba mdogo kwa historia na kwa sheria, na la kwetu lenyewe, ambalo hata yeye asingeweza kulikana, nikalisahau kabisa. Mjini kumenipumbaza.

Baba mdogo alilikumbuka wakati ule ule nilipolikumbuka mimi, nilimwona usoni. Hatua tatu tu. Lakini akiinuka kumtua mbele ya wazee, ameanza yeye kumheshimu. Swaumu akaja mbio kupokea gunia. Mama akainua mkono kidogo.

"Acha, mwanangu. Nimemsalimia shemeji."

Swaumu akarudi nyuma. Mzee Lugembe, mkubwa kwa umri kuliko wote pale, akasema polepole bila kumwangalia mtu kwamba Masolwa amtue shemeji yake, jua ni kali. Baba mdogo akajibu kwamba mtu aliyekuja kuomba radhi hatuliwi. Atue mwenyewe, apige goti, aseme alichokuja nacho.

Mama hakutua. Nikaona shingo yake imekaza, na mshipa unapiga. Nilianza kushuka ngazi, akaniambia nibaki nilipo. Dakika zilipita. Watu walianza kusimama barabarani, na mwendesha bodaboda mmoja akazima pikipiki.

Mwishowe baba mdogo akaishiwa uvumilivu. Sauti ya kuagiza chai ilimwisha.

"Shemeji, unakumbuka unaishi kwa nani?"

"Nilikuwa naishi," mama akasema.

Akafungua kiganja, mlikuwa na ufunguo. Akasema nyumba ameifunga asubuhi ile, mlango wa uani ndio wa kusukuma kwa bega. Shamba lipo wazi, trekta liingie hata leo. Jembe lake limo kwenye gunia. Sufuria zimo, blanketi limo, na msalaba wa marehemu umo. Akasogea kwenye ngazi yangu, akauachia ufunguo ukaanguka mchangani bila yeye kuinama, akarudi alipokuwa.

"Miaka minane nimekaa pale kwa magoti, shemeji," akasema. "Kila msimu naomba upya. Nimechoka. Sikukuchukia, ila nimechoka."

Sikuwa najua. Niseme ukweli, mimi mwenye midomo yote hii sikuwa najua kwamba kila mwaka kabla ya mvua alikwenda kwake kuomba. Hakuniambia hata mara moja. Na Jumatano nilimfokea.

Baba mdogo akainuka. Nilidhani atapiga mtu. Akawatazama wazee mmoja mmoja, akitafuta mwenye kumuunga mkono. Mzee Lugembe alikuwa anaangalia mchanga. Basi baba mdogo akasema kesho asubuhi ataleta mchoraji mwingine, apake ukuta mzima chokaa, na sisi wawili tusionekane pale. Akaelekea kwenye gari lake. Ufunguo hakuuchukua, maana kuuchukua kulitaka kuinama miguuni pa ngazi yangu.

Nilitaka kumkimbilia mama. Akanikatisha.

"Gaude. Miguu yangu iko wapi?"

Alikuwa anaangalia ukuta. Rangi nyeupe ilikuwa bado mbichi. Nikasema mama, nilifikiri shamba.

"Najua ulifikiri shamba," akasema. "Irudishe."

Nikamwambia kesho wanaupaka chokaa, kuna faida gani, tua mzigo kwanza upumzike. Akasema kesho ni ya kesho. Akasema mzigo hautui mpaka nimalize, kwa sababu bila mzigo miguu haikai hivyo, na mimi ni fundi, nijue hilo.

Nikashuka, nikachanganya rangi ya udongo na nyeusi kidogo. Mara ya kwanza nilikuwa nimechora miguu ya kubuni, mizuri, laini, ya msichana. Sasa nilikuwa na yenyewe mbele yangu, kwenye ndala za bluu. Visigino vimepasuka. Kidole cha pili cha mguu wa kushoto kimelala juu ya gumba, jembe lilimkata nikiwa darasa la tatu. Uzito wote ulikuwa umeegemea nje ya nyayo, kitu ambacho sikuwahi kukiona miaka yote. Nikaviweka vyote ukutani kama vilivyokuwa.

Ilinichukua karibu saa nzima. Wazee wawili waliondoka. Mzee Lugembe na mwenzake walibaki, wakageuza viti kufuata kivuli, wanatazama. Swaumu alisimama karibu na mama bila kumgusa, amemshikia mwavuli. Mara moja mama aliyumba, watu wote wakashtuka, akajiweka sawa mwenyewe. Jasho lilikuwa linamtiririka shingoni na hakulifuta, mkono mmoja ulikuwa juu ya gunia na mwingine umeshika kanga. Nilikuwa nalia na kupaka, na sikujali anayeniona.

Nilipomaliza ukucha wa mwisho nikatupa brashi kwenye ndoo.

"Tayari," nikasema.

"Haya, nitue."

Nikashika gunia kwa mikono miwili, nikalivuta kwangu. Lilikuwa zito kiasi kwamba nilirudi nyuma hatua mbili, nikakaa nalo chini. Mimi nina miaka thelathini na sita na nabeba ngazi ya chuma kila siku. Yeye alikuwa amelitoa stendi, akasimama nalo muda wote ule.

Mama akainua mikono kichwani, akaivua ngata taratibu, akazungusha shingo upande huu na upande ule. Hakuangalia ukuta tena. Akaketi kwenye kile kiti cha baba mdogo, akavua ndala moja, akakisugua kile kidole cha pili.

"Sasa niambie," akasema, na kwa mara ya kwanza siku ile nikasikia woga kwenye sauti yake, "leo nalala wapi?"

Nina chumba kimoja Cheyo, kitanda cha futi tatu na nusu na makopo ya rangi mpaka uvunguni. Nikamwambia kwangu. Akatikisa kichwa kukubali, akaanza kutafuta ndala yake kwa mguu, na mimi nikaokota kanga iliyomwanguka, nikaikunja ngata, nikaiweka juu ya kichwa changu.